Riwaya pendwa katika chumba changu cha ushauri

Mtu akifika kwangu hapa Kisumu, nikamkaribisha kiti na kumuuliza anaendeleaje, jibu huwa ni lile lile: "Niko sawa tu, daktari." Halafu anaanza kuutaja mwili. Kichwa kinamgonga tangu Krismasi. Moyo unamwenda mbio simu ikilia. Usingizi unakatika saa nane usiku na haurudi tena. Ameshapimwa malaria, ameshapimwa taifodi, amemeza dawa za kila aina na hali ni ile ile. Simlaumu. Huzuni na hofu hukaa mwilini kweli, na kwetu mtu mzima hazoei kusema "nina huzuni" mbele ya mgeni. Lakini mtu huyo huyo, ukimuuliza habari za mhusika wa hadithi anayoifuatilia kwenye simu, atakuelezea kwa nusu saa jinsi yule msichana alivyovunjika moyo, alivyomficha mamake, alivyoanza kukonda, na mambo yalianza kuharibika wapi. Maneno yote ya hisia anayo. Yalikuwa yanangoja mtu mwingine wa kuyabeba.

Mimi ni mwanasaikolojia, na kwa miaka kadhaa sasa nimekuwa nikizitumia hadithi pendwa katika ushauri. Nasema pendwa kwa maana ile ya darasani: hadithi za mapenzi, za upelelezi, za vituko vya mjini, zile zinazouzwa zikiwa zimechanika majalada kando ya stendi ya magari, na siku hizi zile zinazokuja kwa vipande WhatsApp, msimulizi akikatiza pale pale mlango unapogongwa. Chuoni tulifundishwa kuziweka chini ya fasihi ya dhati, na wapo wenzangu wanaoona haya kukiri kwamba wanazisoma. Mimi nazitetea kwa moyo wote. Sababu yangu ya kwanza ni kwamba wanaohitaji msaada wanazisoma tayari, bila kuhimizwa na mtu. Mama anayeuza omena katika soko la Kibuye, aliyeamka saa kumi alfajiri, hatafungua riwaya ya kurasa mia nne ambayo msomi mwenyewe huisoma mara mbili ndipo aielewe. Atafungua kipande cha hadithi ya mapenzi akiwa ndani ya matatu, na atakisoma hadi mwisho.

Wala jambo hili si geni huku kwetu. Wajaluo walikuwa na siwindhe, nyumba ya bibi mzee ambamo wasichana walilala na kusimuliwa sigana, yaani ngano, usiku. Bibi yule alikuwa mwalimu. Kupitia kwa sungura, zimwi na msichana aliyekataa wachumba, aliwafundisha wivu unavyokula mtu, mume mkali anavyotambulika mapema, msiba unavyobebwa. Hakumnyoshea mtoto kidole akamwambia "wewe una wivu." Alisimulia habari za mke mwenza wa hadithini, na mwenye wivu akajijua kimya kimya, bila kuaibishwa mbele ya wenzake. Ninapofanya kazi yangu vizuri, namfuata bibi huyo.

Nitamtaja mtu mmoja, kwa ruhusa yake, nikiwa nimebadilisha mambo ya kutosha asitambulike. Ni mwendeshaji boda boda wa upande wa Kondele. Mkewe ndiye aliyemsukuma aje, kwa sababu tangu ajali iliyotokea kwenye barabara ya kwenda Busia alikuwa halali, na ugomvi nyumbani ulikuwa hauishi. Siku ya kwanza aliketi na helmeti juu ya goti, akajibu kila swali kwa neno moja. Mfukoni mwa jaketi kulichungulia kitabu kisicho na jalada.

"Unasoma nini?" nikamuuliza.

"Ni ya upelelezi, madam. Ya kupitisha wakati stejini."

"Huyo mpelelezi ni mtu wa namna gani?"

"Ni mkali. Lakini halali."

"Kwa nini?"

Akaizungusha helmeti. "Akilala atamwona yule."

"Yule nani?"

"Mwenzake. Alimfia mikononi."

Hapo sikumgeukia kumwambia, "Na wewe je?" Nawaomba sana wenzangu katika kazi hii wapazingatie mahali hapo. Mshauri mwenye haraka huona mlango umefunguka akaurukia, na mtu anajifunga asifunguke tena. Nilibaki ndani ya kitabu. Nikauliza mpelelezi akifika nyumbani huwa anafanya nini, anakula, anaongea na nani, nani anajua kwamba halali. Akanijibu yote taratibu, bila kuniangalia. "Hakuna anayejua," akasema. "Mkewe anadhani ni pombe."

Baadaye nilikitafuta kitabu kile nikakisoma. Mpelelezi hana mke.

Tuliporudi kukutana nilimuuliza mpelelezi huyo angefanya nini ili apate nafuu. Hakufikiria sana. Alisema lazima aende kwa mama wa marehemu, afike bomani, asimame mbele yake. Ndipo nilipojua kwamba rafiki yake alizikwa Seme na yeye hakwenda. Anayejua maana ya mazishi kwa Wajaluo ataelewa uzito wa jambo hilo: rafiki wa karibu asipoonekana matangani, watu huuliza, na jibu wasilopewa hujitungia. Aliogopa macho ya yule mama. Tulikaa na hofu hiyo vipindi vingi. Tulifanyia kazi usingizi, tukafanyia kazi zile picha za ajali zinazomrudia, na kufikia hapo alishaanza kusema "mimi" badala ya "yeye." Hatimaye alikwenda, na sukari na majani ya chai na mkate. Mama alimuuliza swali moja tu, kama mwanawe aliteseka. Alimwambia ukweli, kwamba yalikuwa ya haraka na kwamba hakuwa peke yake. Usingizi haukurudi usiku huo. Ulirudi kidogo kidogo, na upo usiku ambao bado unamkataa.

Kuna sababu nyingine iliyowafanya watu wajifiche nyuma ya mhusika, na hii ilikuwa ya kisheria. Kwa muda mrefu kifungu cha 226 cha Kanuni ya Adhabu ya Kenya kilifanya kujaribu kujiua kuwa kosa la jinai, ambalo mtu angeweza kufungwa hadi miaka 2. Januari 2025 Mahakama Kuu ilitamka kwamba kifungu hicho kinakiuka katiba, nami nilishukuru kwa dhati. Lakini hofu haifutwi na hukumu ya siku moja. Bado watu huniambia, "Huyo dada wa kwenye hadithi, kwa shida alizo nazo, afadhali angekufa tu." Nikisikia hivyo, kitabu nakiweka kando mara moja. Hapo hapana kuzunguka. Namuuliza waziwazi, kwa sauti ya kawaida, kama yeye mwenyewe amewahi kuwaza kujiua, kama anawaza sasa, kama amepanga. Watu wengi, hata wahudumu wa afya, wanaamini kwamba kuuliza kutampandikizia mtu wazo hilo. Utafiti hauungi mkono hofu hiyo, na kwa niliyoyaona, anayeulizwa kwa upole mara nyingi hushusha pumzi kwa sababu hatimaye kuna mtu aliyethubutu. Akisema ndiyo, haondoki peke yake. Tunampata ndugu, tunampata daktari wa hospitali, tunapanga usiku huo na kesho yake. Hadithi itangoja.

Wenzangu huniuliza kama kuna ushahidi wowote, au ni mapenzi yangu tu ya vitabu. Wazo lenyewe ni la zamani. Neno bibliotherapia lilianza kutumiwa na Mmarekani Samuel Crothers mwaka 1916. Huko Cardiff, Wales, tangu mwaka 2003 madaktari walianza kuwaandikia wagonjwa vitabu kama wanavyoandika dawa, ingawa hivyo vilikuwa hasa vitabu vya kujisaidia, si riwaya. Mwaka 2007 Matthew Lieberman na wenzake katika Chuo Kikuu cha California, Los Angeles, walionyesha kwamba mtu anapoitaja hisia kwa neno, ile sehemu ya ubongo inayoshtuka na kuogopa, amigdala, hupunguza kishindo chake. Mwaka 2013 ulitoka utafiti uliosema kwamba kusoma fasihi ya dhati humwezesha mtu kuelewa mawazo ya wengine, na kwamba riwaya pendwa hazifanyi hivyo. Ulishangiliwa sana. Waliourudia mwaka 2016 na watu wengi zaidi hawakuyaona matokeo yale. Kwa hiyo mimi siuzi riwaya kama tiba ya sonona, ule ugonjwa wa huzuni nzito isiyoondoka. Naitumia kama mlango. Mtu akishaingia, kazi inayofanyika ndani ni ile ile ya ushauri ninayoijua, na anayehitaji vidonge namwelekeza kwa daktari wa akili bila kusita.

Kitabu cha shule pia kinaweza kuwa mlango, au kinaweza kufungwa kwa kufuli. Nilijifunza hilo Nakuru, kaunti iliyoumia vibaya katika ghasia za baada ya uchaguzi mwanzoni mwa 2008. Mwalimu wa Kiswahili ninayefahamiana naye alinialika shuleni kwake wakati Chozi la Heri ya Assumpta Matei ilipokuwa ikitahiniwa katika KCSE, mtihani wa kumaliza sekondari. Riwaya hiyo inafunguka na Ridhaa, daktari aliyepoteza familia yake nyumba ilipoteketezwa na jirani baada ya uchaguzi. Nchi ni ya kubuni, lakini hakuna mtoto wa Bonde la Ufa asiyeitambua. Wale wanafunzi walikuwa wachanga au watoto wa miaka michache tu mambo yalipotokea. Wengi waliyajua kwa ukimya wa wazazi wao. Na sisi tulikuwa tunawauliza nini? Eleza sifa za Ridhaa. Taja mbinu za lugha katika dondoo.

Msichana mmoja alikataa kusoma ukurasa kwa sauti zamu yake ilipofika. Mwalimu, mwenye busara, hakumlazimisha. Mchana aliwapa darasa zima kazi isiyo na alama: andika barua kwa mhusika yeyote. Msichana yule aliandika nusu ukurasa kwa Ridhaa. Alimweleza kwamba aliwahi kumuuliza babake nyumba yao ya kwanza ilikuwa wapi, naye akafungua redio. Kisha akamuuliza: "Ulipokutana na yule jirani sokoni baadaye, ulimwamkia?"

Nimesoma maandishi mengi ya kitaalamu juu ya kiwewe kinachopita kutoka kwa mzazi hadi kwa mtoto, na sijaona swali lililolenga kama hilo. Babake alikuwa anakutana na jirani huyo. Walikuwa wanaamkiana. Mtoto aliiona salamu na hakujua aiweke wapi. Mwalimu aliniomba nizungumze na msichana yule, na baadaye, kwa hiari yake, tukamwita baba. Sitayaandika yaliyosemwa. Nitasema tu kwamba natamani kila mwalimu anayefundisha riwaya ya namna hiyo atenge dakika kumi za barua kabla ya kufika kwenye maswali ya mtihani, na ajue mapema mtoto akilia atampeleka kwa nani.

Kutetea riwaya pendwa hakunifumbi macho nisione zinavyoumiza. Nina kikundi cha wanawake Nyalenda kinachokutana Jumamosi alasiri. Ni chama cha kawaida: wakishamaliza kuchanga, mmoja husoma kwa sauti na wengine husikiliza huku wakisukana. Tulikuwa tukisoma hadithi ya tajiri aliyempenda msichana wa dukani. Msichana anakataa, tajiri anarudi. Anabadilisha nambari ya simu, tajiri anaipata mpya. Anahama mtaa, tajiri anafika na maua. Mwisho wanaoana. Dada mmoja kijana, msusi, akasema, "Huyo ndiye anapenda kweli." Mama mmoja mtu mzima akaacha kusuka.

"Mwanangu, huyo anakuwinda."

Zogo likazuka. Nusu ya kikundi walikuwa upande wa tajiri, na hoja zao zilikuwa nzito: mwanamume wa kawaida hata salio la simu hakutumii, huyu amehangaika hivi, unataka nini tena? Sikutoa hotuba. Niliwauliza kitu kimoja: katika sura yote, msichana alipumua lini? Wakarudi kwenye kurasa kutafuta. Walichelewa kupata. Siku nyingine msusi yule alibaki nyuma wenzake walipoondoka, akanionyesha simu yake. Uko wapi. Uko na nani. Nitumie picha nione. Saa kumi na moja asubuhi hadi usiku wa manane, zote kutoka kwa mwanamume aliyekuwa akimwita mpenzi. Alisema, "Nimehesabu niliyopumua, daktari, ni pale anapokuwa amelala."

Jambo la pili linalonichoma katika hadithi hizi ni wazimu kutumiwa kama adhabu. Mwovu akishaiba, akishaua, akishadhulumu mayatima, mwandishi anammaliza kwa kumtoa uchi sokoni akiokota maganda. Msomaji anafurahi. Lakini ndani ya wasomaji hao kuna mama ambaye kijana wake anasikia sauti, na ambaye amemfungia chumba cha nyuma ili majirani wasiulize familia ilifanya kosa gani. Mama huyo amefundishwa na hadithi baada ya hadithi kwamba ugonjwa wa akili ni hukumu. Kila tunapokutana na mwisho wa namna hiyo kikundini, nauliza: nani anampelekea chakula? Yupo dada yake? Kuna anayejua alipolala? Swali hilo humrudishia mhusika ubinadamu aliovuliwa na mwandishi.

Kwa sababu hizo nilianza kuandika hadithi zangu mwenyewe. Ni fupi, za Kiswahili, za mapenzi na migogoro ya nyumbani, na nakatiza mahali pa kumtesa msomaji kama waandishi wengine. Tofauti ni chache. Kuna mtu anayeomba msaada kabla ya sura ya mwisho. Mshauri katika hadithi si malaika, na kipindi kimoja hakimponyi mtu. Na kuhusu kujiua nina mpaka ambao siuvuki: sielezi namna, na sikifanyi kifo kuwa suluhisho au ushindi. Hili lina msingi. Mwaka 1774 Goethe alichapisha riwaya ya kijana Werther anayejiua kwa ajili ya mapenzi, na hofu kwamba vijana walikuwa wakimwiga ikaifanya ipigwe marufuku katika baadhi ya miji ya Ulaya. Miaka 200 baadaye, mwaka 1974, mtafiti David Phillips aliyeonyesha jinsi habari za kujiua zilizopewa kurasa za mbele magazetini zinavyofuatwa na vifo zaidi akauita uigaji huo kwa jina la Werther. Upande wa pili wa jambo hilo hautajwi sana. Mwaka 2010 Thomas Niederkrotenthaler na wenzake huko Austria walieleza kwamba habari za mtu aliyewaza kufa akapata njia nyingine zinaweza kuwalinda wengine. Mwandishi wa hadithi za WhatsApp zenye maelfu ya wasomaji ana nguvu zote mbili kiganjani, na naamini wengi wao wangefurahi kuambiwa.

Wasomaji wangu ndio walionifundisha kuandika. Hadithi ya kwanza niliyowasomea kina mama ilikuwa na mke anayeshindwa kuinuka kitandani tangu ajifungue, na hatimaye anakwenda kliniki. Nilidhani watauliza habari za ugonjwa. Wakauliza: "Nauli alitoa wapi?" Mwingine: "Watoto aliwaachia nani?" Na mwingine: "Mumewe alimwambia anaenda wapi?" Vitabu vyetu vya saikolojia huyaita hayo vikwazo vya kupata huduma na kuyapitia kwa sentensi moja. Kwa mwanamke wa Nyalenda, hayo ndiyo hadithi yenyewe. Nikaandika upya. Mke akaomba nauli kwenye chama, akasema ni ya kliniki ya mtoto. Akamwachia jirani mtoto mkubwa, akambeba yule mchanga. Akapanga foleni tangu asubuhi, akakaribia kurudi nyumbani mara mbili. Muuguzi akamuuliza maswali yale tisa ya kupima sonona, naye akajibu manane kwa ukweli.

Hadithi hiyo ilisambazwa kwenye simu hadi mahali nisipopajua. Siku moja akaja mama kutoka Ahero, mtoto mgongoni, akaketi akaniambia kabla sijauliza chochote: "Na mimi niliwaambia ni kliniki ya mtoto." Tukaanzia hapo. Tulipofika kwenye yale maswali tisa, akasita kwenye la mwisho, lile la mawazo ya kufa, akacheka kidogo, akasema hili ndilo yule dada alilodanganya. Kisha akalijibu.

Sasa naandika nyingine, ya kijana aliyepoteza kazi na hataki kumwambia mtu, anaamka kila asubuhi na kuvaa kana kwamba anakwenda kazini. Nilidhani ni hadithi ya wanaume. Kina mama wameipokea kama yao, lakini wamelalamika kwamba mama mkwe nimemfanya mtu wa kufoka tu. Wanasema hata yeye ana lake, na wanamtakia sura yake mwenyewe, aeleze kwa mdomo wake anaogopa nini. Wana haki. Naiandika wiki hii, na Jumamosi nitawasomea kabla haijaenda kokote, kwa sababu wawili kati yao ni mama wakwe na wameshaniahidi kunirekebisha.